Mwaka Nilipokalia Kiti cha Method

Tulimzika Dada Jasinta siku ya Jumanne, makaburi ya Kinondoni, na watu walikuwa wengi kuliko alivyotarajia mwenyewe. Alikuwaga akisema kwamba siku akifa watakuja watu wanne, na mmoja wao atakuwa amekuja kuhakikisha tu kama kweli kafa. Nilisimama nyuma karibu na bendi ya tarumbeta, nikimkumbuka anavyosema hivyo huku anacheka, na hapo ndipo nilipomwona Method ng'ambo ya kaburi, ameshika kofia mbele ya tumbo, kichwa chote mvi. Ilikuwa imepita miaka ishirini na kitu tangu tulipofanya kazi chumba kimoja. Aliniona na hakugeuza uso. Mambo yalipokwisha nilimfuata, nikamwambia, "Kaka Method, shikamoo." Akajibu, "Marahaba," akanishika mkono kwa adabu, kisha akaendelea kuwasalimia wengine kana kwamba nilikuwa mtoto wa jirani. Nilirudi nyumbani, nikakaa na kitambaa cha msiba kichwani bila kukifungua, nikarudi kwenye mwaka ule mmoja ambao sijawahi kumsimulia mtu, hata marehemu mume wangu.

Nilikotoka na wazazi wangu tuyaache. Inatosha kujua kwamba nilikuwa na miaka ishirini na mbili, najua kupiga chapa kwa kasi, nakaa Kipawa kwa mama mdogo wangu, na kila asubuhi naenda Mikocheni kwenye nyumba moja iliyopangishwa kuwa studio. Ilikuwa nyumba ya kuishi watu, yenye baraza na jiko na choo cha kukaa kilichokuwa hakivuti maji, ila sebule yake ilikuwa imezibwa madirisha na kutundikwa pazia la kijani. Ukuta kwa ukuta tulipakana na kiwanda cha magodoro. Mashine za kiwanda zilinguruma kuanzia asubuhi, na harufu yake ya dawa ilikaa kwenye nguo hata ukifua. Kwa sababu ya ule mngurumo tuliweza kurekodi saa moja tu kwa siku, pale wafanyakazi wa kiwanda walipozima mashine kwenda kula. Saa saba kamili kimya kinashuka, Dada Jasinta, aliyekuwa mkuu wetu, anapiga makofi mawili, na sote tunakimbilia sebuleni.

Kipindi chetu kiliitwa Saa Mbili Kasorobo. Kilirushwa kila Ijumaa robo saa kabla ya taarifa ya habari, nacho kilikuwa taarifa ya habari ya uongo: mtangazaji aliyevaa suti juu na bukta chini ya meza, mwandishi wa habari anayeripoti kutoka kwenye foleni ya maji, na Mheshimiwa, ambaye kila wiki alikuwa anafungua kitu. Alifungua bomba lisilotoa maji, akakata utepe, akakinga glasi tupu, akanywa hiyo tupu mpaka tone la mwisho, akajifuta mdomo. Alifungua daraja ambalo mto wake ulikuwa umehamia mtaa wa pili. Mheshimiwa huyo aliigizwa na Mzee Likwena, Mmakonde aliyeanza maisha kwa kuchonga vinyago. Alikuwa na uso mpana usiocheka hata ukimtekenya, na nadhani ndiyo maana watu walikufa kwa kicheko. Sokoni watu walimwita Mheshimiwa na kumpa nyanya za bure. Wengine waliniambia kwamba wakimaliza kutuangalia sisi wanaiacha televisheni wazi waone taarifa yenyewe, na kuna wiki hawakujua ya kwetu imeishia wapi.

Mwandishi wa yote hayo alikuwa Method. Kabla ya hapo alikuwa mwalimu wa Kiswahili sekondari, na bado alishika kalamu kama mtu anayesahihisha. Alikaa kwenye kiti cha mbao karibu na dirisha pekee ambalo halikuzibwa, anaandika kwa mkono kwenye daftari kubwa, kisha mimi napiga chapa. Mchana, tukishamaliza kurekodi, tulivuka barabara kwenda kwa mama ntilie mmoja aliyepikia chini ya turubai, tukala wali maharage na kipande cha samaki kama kipo. Hapo ndipo alipojaribia vichekesho vyake kwangu. Alinisimulia jambo taratibu, akinitazama mdomo. Nikicheka wakati nina chakula mdomoni, kichekesho kimepita. Nikimeza kwanza ndipo nicheke, alikuwa anakifuta. "Wewe ndiyo mizani yangu, Somoe," aliniambia. Hakuna aliyewahi kuniambia kwamba mimi ni kitu chochote katika kazi yoyote, na niliyabeba maneno yale mpaka Kipawa.

Na Kipawa, jioni, nami nilikuwa na watu wangu wa kuwachekesha. Kwa mama mdogo tulikula ukumbini baada ya swala ya magharibi, mkeka umetandikwa, sinia katikati. Ndege zilipita juu ya bati zikishuka uwanjani, na kila ikipita moja mazungumzo yalisimama, mtu kashika tonge hewani, mpaka iishe, kisha sentensi inaendelea pale ilipokatika. Tulikuwa na mpangaji wa chumba cha mbele, Kaka Deus, mwanaume wa makamo aliyeishi peke yake na aliyekuwa amekubaliana na mama mdogo kwamba atakula nasi. Alisema anafanya kazi wizarani. Viatu vyake vilikuwa safi siku zote, hata masika. Alinawa mikono muda mrefu kuliko mtu yeyote niliyewahi kumwona, kidole kimoja kimoja. Alikuwa mkimya, lakini alijua kucheka. Nikianza kuigiza Mheshimiwa, nikiteua maneno kwa sauti ya Mzee Likwena, Kaka Deus alikuwa anaweka tonge chini, anafunika macho, mabega yanatikisika, machozi yanamtoka. "Rudia hapo," alikuwa akisema. "Rudia hapo pa glasi." Mama mdogo naye: "Mwache ale jamani, atapaliwa." Nami narudia. Nilisimulia mambo yaliyokwisha kuonyeshwa, na kwa kuwa hayo walishayaona, nikasimulia pia ya wiki inayokuja.

Simu zilianza mwanzoni mwa mwaka. Zilikuja kwa mwenye kituo cha televisheni kilichoturusha, na mwenye kituo akampigia Dada Jasinta. Ya kwanza ilikuja Jumatano: kile kichekesho cha mita ya umeme inayosoma hata nyumba ikiwa giza, kiondoeni. Dada Jasinta alitoka ofisini kwake, iliyokuwa zamani chumba cha watoto na bado ina picha za vipepeo ukutani, akasimama mlangoni. "Nani kasoma hii?" aliuliza. Hakuna aliyesoma zaidi yetu. Karatasi ilikuwa bado mezani kwangu, haijatoka mle ndani. Tulisema labda ni bahati, labda mtu amewaza tu. Wiki mbili baadaye simu ya pili, na safari hii mwenye kituo alijua hata jina la mtaa tulilokuwa tumetunga. Kuanzia hapo nyumba ile ikabadilika.

Ni vigumu kueleza jinsi watu wanne waliokuwa wakila ndizi moja kwa kugawana wanavyoweza kugeuka kwa mwezi mmoja. Dada Jasinta alianza kukusanya makaratasi yote jioni na kuyachoma uani kwenye ndoo. Ukiingia jikoni, waliokuwa wakizungumza wananyamaza na mmoja anafungua bomba. Mzee Likwena, ambaye tangu nimjue alikuwa ananiita mwanangu, alianza kuondoka na kikombe chake kila nilipokuja kukaa. Nami pia nilishuku, nisijifanye nilikuwa malaika. Nilimshuku Mzee Likwena kwa sababu alikuwa amenunua simu mpya na aliitikia akiwa kaipa kisogo sebule. Kuna siku nilimshuku hata Method, kwa kuwa alipenda kutoka peke yake kwenda kusimama kwenye foleni za watu na kusikiliza wanavyolalamika, na anaporudi hasemi alikuwa wapi. Nilimwangalia anavyovua kandambili zake zenye vumbi mlangoni nikajiuliza vumbi lile ni la wapi.

Siku moja nilikuwa chooni, na dirisha la choo lilitazamana na la jikoni. Nikamsikia Dada Jasinta akiuliza kwa sauti ya chini, "Na huyu binti wa Kipawa?" Mzee Likwena akajibu, "Nani, Chomoe?" Ndivyo alivyolitamka jina langu, kwa matamshi ya kwao. "Yule mtoto hana akili hiyo. Yeye kazi yake kucheka tu." Dada Jasinta akasema, "Kweli." Nilikaa mle ndani nimefurahi. Nimeona jambo hili mara nyingi tangu wakati huo, kwamba mtu akifutiwa shaka hajiulizi imefutwa kwa sababu gani.

Baadaye ndipo tulipojua kwamba Dada Jasinta alikuwa ametutegea. Wiki hiyo alituita ofisini mmoja mmoja, akampa kila mtu karatasi aliyoiandika kwa mkono wake, akasema ni wazo la kipindi kijacho, mtu alifikirie peke yake, asimwonyeshe mwenzake. Wazo lilikuwa moja: Mheshimiwa anafungua zahanati ambayo vifaa vyake vyote vimeazimwa kwa siku hiyo tu. Lakini kwenye karatasi yangu vitanda vimeazimwa bweni la shule. Kwenye ya Mzee Likwena wagonjwa wenyewe ndio wameazimwa, wanapewa soda. Kwenye ya Method, vitanda na shuka vimetoka gesti. Mimi karatasi yangu niliikunja nikaiweka kwenye pochi na sikumwonyesha mtu, kama nilivyoambiwa. Method hakuweza. Yule alikuwa mtu wa kuandika, na kichekesho kikimjia kilikuwa kinamuwasha. Tulipovuka barabara kwenda kula, kabla hata maharage hayajaja, aliniinamia.

"Nimekatazwa kusema, lakini sikiliza. Mheshimiwa anafungua zahanati, sawa? Shuka zimeazimwa gesti. Anafunua kitanda kuwaonyesha waandishi wa habari usafi, na kwenye shuka, herufi nyekundu kubwa: KARIBU TENA."

Nilikuwa nimeshatia wali mdomoni. Uliruka mpaka kwenye sahani yake. Method alipiga meza kwa kiganja, amefurahi kama mtoto. "Imepita," akasema. "Karibu Tena nimeongeza mie mwenyewe, hata yeye hajaiona."

Jioni ile kulikuwa na kisamvu cha nazi na ndege zilikuwa nyingi. Nilisubiri ya tatu ipite ndipo nikasimama juu ya mkeka, nikafunua kanga ya mama mdogo kama shuka ya kitanda cha zahanati. Kaka Deus alicheka mpaka akaegemea ukuta. "Karibu Tena," alirudia, akijifuta macho kwa kitambaa alichokikunja vizuri. "Karibu Tena, jamani. Hiyo itatoka Ijumaa hii?" Nikamwambia ndiyo.

Asubuhi ya keshokutwa yake, Dada Jasinta alituita sote sebuleni mbele ya pazia la kijani. Mashine za kiwanda zilikuwa zinanguruma, ikabidi apaze sauti, na hilo lilifanya mambo yawe mabaya zaidi kwa sababu hakuwa mtu wa kupayuka.

"Method, karatasi yako ilikuwa na nini?"

"Shuka za gesti. Si umeandika mwenyewe?"

"Na maneno ya Karibu Tena?"

Method akatabasamu. "Hayo nimeongeza mie. Mazuri, eh?"

"Mazuri sana," alisema Dada Jasinta. "Mwenye kituo kanisomea kwenye simu leo asubuhi. Neno kwa neno."

Ndipo akaeleza karatasi zilivyokuwa. Akaeleza kwamba maneno yale hayakuwa kwenye karatasi yoyote, yalikuwa kichwani kwa mtu mmoja tu. Mzee Likwena alisema "Loh," akakaa chini kwenye kreti. Method alibaki ameshika daftari. Niliona uso wake unavyofanya hesabu, taratibu, kama mwalimu anayepitia swali mara ya pili. Kisha alinitazama. Hakunikazia macho na wala hakuonyesha hasira, alinitazama kama unavyomtazama mtu ambaye zamu yake ya kusema imefika. Nami wakati ule ule nilikuwa ninaiona kanga ya mama mdogo, na kitambaa kilichokunjwa vizuri, na lile swali, hiyo itatoka Ijumaa hii? Nilijua. Nisiseme kwamba sikuelewa. Nilielewa kabla hajamaliza kunitazama.

Niliangalia vidole vyangu.

"Dada Jasinta," Method alisema mwishowe, "mie sijamwambia mtu yeyote wa nje. Hata mmoja."

"Miaka minne, Method," alisema Dada Jasinta. "Miaka minne tunakula pamoja."

Hakujitetea zaidi. Sentensi moja tu ingemwokoa, "Nilimwambia Somoe," na hakuisema. Alichukua daftari lake, akachukua sweta aliyoiacha kwenye kiti tangu kipupwe cha mwaka uliotangulia, akavaa kandambili zake, akatoka. Nilijiambia kwamba nitasema, lakini kwanza niwe na hakika, maana je, kama si Kaka Deus? Nitamharibia mtu wa watu jina kwa sababu ya kicheko? Hivyo ndivyo nilivyojiambia siku ya kwanza. Siku ya tatu Dada Jasinta aliniita akaniambia, "Wewe ndiye ulikuwa unapiga chapa kazi zake. Unajua anavyoandika. Kaa pale, tujaribu." Pale palikuwa kwenye kiti cha dirishani. Nilikaa. Kilikuwa kimebonyea kwa umbo la mtu mwingine, na kwa wiki ya kwanza kiliniuma mgongo.

Lakini hakika niliitafuta, hilo naweza kulisema. Jumapili moja nilitunga kichekesho ambacho hakikuwa kwenye karatasi yoyote wala sikumwambia mtu yeyote Mikocheni. Mheshimiwa anafika kwenye shimo la barabarani lililojaa maji, anakata utepe, analizindua kuwa bwawa la samaki la kata, anatupia vifaranga viwili vya perege kutoka kwenye ndoo. Nilikisimulia mkekani jioni ile. Niliharibu hata sauti ya Mheshimiwa. Kaka Deus alicheka, ila kidogo, akauliza, "Hiyo ni wiki hii?" Nikasema ni wiki hii. Jumanne simu ililia ofisini. Nilimsikia Dada Jasinta akisema "Samaki gani?" mara mbili. Akatoka amekunja uso.

"Nani kaandika shimo la samaki?"

Mzee Likwena alitikisa kichwa. Nami nikatikisa.

"Basi ni yeye," alisema Dada Jasinta. "Anakaa huko nje anatunga vitu vya hatari, anawapelekea, aseme ni sie. Anataka watufunge kabisa." Na Mzee Likwena akasema kwamba kweli, mtu aliyefukuzwa hana huruma.

Pale ndipo ningesema. Ushahidi ulikuwa mikononi mwangu, nilikuwa nimeutengeneza mwenyewe, na badala ya kumsafisha mtu ulikuwa unamzika zaidi mbele ya macho yangu. Nilisema, "Dada Jasinta." Akageuka. "Nini?" Mashine ziliendelea. Nilikiona kiti. Nilimwona mama mdogo akiulizwa na watu ninaowaogopa bila kuwajua. Nilisema, "Chai yako inapoa."

Nyumbani niliacha kusimulia. Nilikula nikiwa nimeinamisha kichwa, na mama mdogo alidhani nina mchumba. Jioni moja Kaka Deus alisema, "Siku hizi Somoe hutuchekeshi." Nikamwambia kazi imekuwa ngumu. "Pole," alisema. Alikuwa anachambua miiba ya samaki changu, anaipanga ukingoni mwa sahani kwa mstari. "Na yule mwandishi wenu, Method, bado yupo?" Nilijaribu kukumbuka kama niliwahi kulitaja jina lile mkekani. Pengine nililitaja. Nililala na swali hilo wiki nzima na mpaka leo sijapata jibu. "Hayupo," nilimwambia. Alisema "Aah," kisha ndege ikapita, na ilipoisha tulikuwa tunazungumza mambo mengine. Miezi michache baadaye aliaga kwamba amehamishiwa Dodoma. Alimpa mama mdogo doti ya kitenge na mimi akanipa kalamu ya wino kwenye kisanduku chake. Mama mdogo alimlilia. Hakupata tena mpangaji mstaarabu kama yule, alisema mpaka kufa kwake.

Sehemu iliyobaki ya mwaka ule simu hazikuja tena. Moja ya sababu ni kwamba nilikuwa nimefunga mdomo. Ya pili ni kwamba kila nilipoandika kitu chenye meno, nilimwona mtu akifuta macho kwa kitambaa, nikakifuta kabla hakijamfikia Dada Jasinta. Mheshimiwa alianza kufungua vitu visivyomuuma mtu. Alifungua mashindano ya kukimbia na yai kijikoni. Dada Jasinta aliuchukua ukimya ule wa simu kuwa ushahidi kwamba aliondolewa mtu sahihi, na alinisifia. Lakini sokoni watu waliacha kumpa Mzee Likwena nyanya. Kufika mwisho wa mwaka kituo kilisema kipindi kitapumzika kwa ajili ya maboresho, na saa yetu wakapewa watu wa tamthilia iliyotafsiriwa. Kuhusu Method nilisikia kwamba alijaribu vituo viwili, na kote habari zake zilikuwa zimemtangulia. Watu hawakumwambia kitu, walisema tu nafasi zimejaa. Alirudi kufundisha, huko Mbagala.

Sasa hivi vijana wanajirekodi kwa simu, wanavaa suti juu na bukta chini, wanatuma, watu wanacheka kote nchini kabla chai haijapoa. Mjukuu wa dada yangu ananionyesha. Ananiuliza kwa nini sicheki, nami namwambia nimechoka. Ukweli ni kwamba kila nikiona mmoja wao, nawaza ni nani anayekula naye jioni.

Jumamosi baada ya mazishi nilichukua bajaji mpaka Tandika, nikauliza nyumba ya Mwalimu Method. Mkewe alinipokea, mwanamke mnene mwenye sauti ya upole, akaniketisha kwenye kochi lenye vitambaa vya kufuma, akaleta chai ya rangi na mihogo ya kuchemsha. Televisheni ilikuwa inawaka bila sauti. Method alikuja amevaa msuli na fulana, akakaa mbele yangu, na mkewe akatuacha. Nilimwambia yote, kuanzia wali ulioruka mpaka bwawa la samaki. Nilimwambia kuhusu mkeka na ndege na Kaka Deus. Hakunikatiza. Nilipomaliza aliuliza kwa sauti ile ile ya darasani.

"Wizara gani?"

"Hakuwahi kusema."

"Mmekaa naye nyumba moja, mnakula sinia moja, hujui wizara."

"Hakusema, Kaka Method."

"Jina lake la pili?"

Nilifungua mdomo nikagundua kwamba silijui. Mama mdogo alilijua, na mama mdogo ameshakufa.

"Na Dodoma alikwenda sehemu gani?"

Sikujua. Nilikuwa nayasikia majibu yangu kama anavyoyasikia yeye, na yalikuwa majibu ya mtu mwongo. Alichukua kipande cha muhogo, akakirudisha.

"Nilijua ni wewe tangu asubuhi ile," alisema. "Sikukutaja kwa sababu ulikuwa mtoto. Nilisema huyu atasema mwenyewe, kama si leo, kesho. Nikasubiri mpaka Ijumaa. Nikawasha televisheni na mke wangu kakaa hapo, nikaona majina yanapanda. Mwandishi: Somoe."

"Nilipewa ile nafasi. Sikuiomba."

"Ulipewa," alisema.

"Nimekuja kuomba msamaha."

"Miaka yote hii upo Dar. Kipawa hapo. Leo ndiyo umepata njia?"

"Dada Jasinta amefariki, nimeona—"

"Yaani umengoja mtu pekee aliyepaswa kuyasikia haya awe hayupo."

Sikuwa nimewahi kulitazama hivyo, na alipolisema niliona kwamba ndivyo lilivyo. Nililia. Method hakunizuia wala hakuninyamazisha. Aliinuka, akaenda dirishani, akasogeza pazia kwa kidole kimoja, akatazama uchochoro ule ambao hakuna kitu kingine kilichopita zaidi ya mwanamke mwenye beseni la vitumbua. Alitazama muda mrefu.

"Umekuja na nani?"

"Peke yangu."

"Bajaji yako iko wapi?"

"Imeshaondoka."

Akatikisa kichwa kidogo, kama anayeweka jambo hilo akilini. Kisha akaniuliza taratibu, bila chuki, kwa upole uleule aliokuwa nao zamani akinisimulia kichekesho na kunitazama mdomo:

"Na leo, Somoe, nani kakutuma?"

Nilisubiri acheke. Alibaki ameshika pazia, anasubiri jibu.